Kwa Nini Hawahami? Kisa cha Nyumba ya Laddaland

"Si wahame tu?" Shangazi alisema hivyo kwa sauti, kikombe cha chai mkononi, filamu haijafika hata nusu. Hakuwa akiniuliza mimi. Alikuwa akiiuliza ile familia kwenye skrini: baba, mama, binti na mtoto wa kiume, waliokuwa wanajua kabisa kwamba mtaa wao umeingiliwa na jambo baya, na bado kila jioni wanarudi, wanafunga mlango, wanawasha taa.

Ni swali la kila aliyewahi kutazama filamu ya nyumba yenye mizimu, na waongozaji wengi hulikwepa. Gari linagoma kuwaka. Mvua inakata barabara. Mlango unajifunga wenyewe. Sophon Sakdaphisit wa Thailand hakulikwepa. Filamu yake ya mwaka 2011, Laddaland, ina jibu lisilo na uganga wowote ndani yake: hawahami kwa sababu nyumba ina mkopo. Nitakichambua kisa hiki kama mtu anavyochambua yaliyoikuta familia anayoifahamu, tangu siku ya kuhamia hadi usiku ule wa kabati. Anayetaka kuitazama bila kujua mwisho aishie hapa, aitazame, halafu arudi.

Sophon aliingia kwenye sinema kwa mlango wa uandishi. Ni mmoja wa walioandika Shutter ya mwaka 2004, pamoja na waongozaji wake Banjong Pisanthanakun na Parkpoom Wongpoom. Aliandika nao pia Alone ya mwaka 2007. Mwaka 2008 akaongoza filamu yake ya kwanza, Coming Soon, ikafuata Laddaland, halafu The Swimmers mwaka 2014 na The Promise mwaka 2017. Si kazi nyingi, lakini ukizipanga zote utaona mtu anayerudi kwenye jambo lilelile, kila mara akilisogelea zaidi.

Chukua Shutter. Yule kijana mpiga picha anasumbuliwa na shingo. Anakwenda hospitali, anapanda kwenye mzani, na mshale unasimama kwenye kilo 120. Kijana mwembamba, kilo 120. Filamu haielezi chochote pale, inapita kama jambo dogo, mzani mbovu labda. Mwishoni kabisa ndipo tunaonyeshwa: msichana aliyetendewa unyama huku kijana huyo akinyamaza alikuwa amekaa mabegani mwake muda wote. Kwangu mimi mbegu ya Laddaland iko kwenye mzani ule. Mzimu hapo ni mzigo unaobebwa mchana kweupe mbele za watu, na mbebaji anadhani amelala vibaya tu. Miaka saba baadaye, sasa akiwa mwongozaji, Sophon akautoa mzigo mabegani mwa kijana mmoja akautwika familia nzima, na safari hii mzigo una tarehe ya rejesho.

Nyumba

Thee anapata kazi mpya Chiang Mai, jiji la kaskazini, karibu kilomita 700 kutoka Bangkok. Aliyemwigiza ni Saharat Sangkapreecha, ambaye Wathai walimjua kwanza kama mwanamuziki wa bendi ya Nuvo, mtu mwenye sura ya ujana hata akiwa na umri mkubwa, na sura hiyo inafanya kazi kubwa humu ndani. Kampuni inauza virutubisho. Mshahara ni mzuri kuliko wa zamani. Kwa mshahara huo Thee ananunua nyumba ya ghorofa moja kwenye mtaa mpya uliopangwa, nyumba zote zinafanana, nyasi zimekatwa, getini kuna mlinzi. Anawaleta mkewe Parn, binti yao Nan na mdogo wake Nan, Nat.

Nan amelelewa na bibi yake mzaa mama, na bibi huyo hajawahi kumkubali mkwewe. Hamwoni kama mwanamume wa kumtunza binti yake. Nan mwenyewe ana umri wa ujana, hataki kuhama, hataki kuzungumza na baba, na ile chuki ya bibi ameibeba kama yake. Suthatta Udomsilp anaiigiza kwa macho zaidi ya maneno, na kila Thee anapomsemesha kwa upole wa kujilazimisha unaona mlango unafungwa usoni pake.

Kwa hiyo kabla benki haijaandika chochote, Thee tayari ana deni. Anadaiwa na mama mkwe uthibitisho kwamba yeye ni mume. Anadaiwa na Nan miaka ya kutokuwepo. Nyumba ndiyo malipo anayoyatoa kwa wote wawili kwa mpigo mmoja. Sisi tunalijua jambo hili bila kufundishwa. Ni wangapi wamejenga kwa haraka, kwa mkopo, kwa kukopakopa saruji kwa rafiki, ili tu ukweni waje waone bati? Mtu wa namna hiyo ukimwambia ahame, hutakuwa umemwambia kuhusu kuta.

Jina la mtaa lenyewe halikubuniwa hewani. Ladda Land ya kweli ilikuwa bustani ya watalii Chiang Mai, maarufu miaka ya 1970, ikaja kufungwa, na baada ya kufungwa yakabaki masimulizi ya mizimu ambayo vijana wa kule walikuwa wakitishana nayo. Sophon alilichukua jina akaliacha gofu, akaliweka juu ya mtaa mpya unaonuka rangi. Huo ni uamuzi wa busara sana. Gofu mtu analikimbia. Mtaa mpya mtu anaukopea.

Hesabu

Hapa nataka kukaa kidogo, maana ndipo kisa kilipo. Filamu haikalishi watu mezani na kikokotoo, kwa hiyo mfano huu ni wangu. Tuseme mtu amekopa baht (fedha ya Thailand) milioni 3 kwa riba ya asilimia 6 kwa mwaka, alipe kwa miaka 30. Rejesho la kila mwezi linakuwa takriban baht 17,990. Mwezi wa kwanza, baht 15,000 kati ya hizo ni riba. Kinachopunguza deni ni kama baht 2,990 tu. Akilipa mwaka mzima bila kukosa hata mwezi mmoja, ametoa karibu baht 215,800 mfukoni, na deni limeshuka kwa karibu baht 36,800. Baada ya mwaka wa jasho, bado anadaiwa zaidi ya milioni 2 na laki 9 na nusu.

Sasa mtu huyo akitaka kuhama lazima auze. Akiuza kwa bei aliyonunulia, anaponea chupuchupu. Bei ikishuka kidogo, anauza nyumba na bado anabaki anadaiwa, na wakati huohuo anahitaji kodi ya kwingine. Mikataba ya mikopo ya nyumba Thailand kwa kawaida humwachia mkopaji deni lililobaki hata baada ya nyumba kupigwa mnada. Kwa maneno mengine, akiondoka deni linaondoka naye.

Na bei ya nyumba inategemea jirani. Hili ndilo jambo ambalo Sophon alilielewa kuliko waandishi wengi wa hadithi za mizimu. Mzimu wa zamani ulikuwa unaharibu usingizi wa waliomo ndani ya nyumba. Mzimu wa Laddaland unaharibu bei ya mtaa mzima.

Makhin

Anaitwa Makhin. Ni msichana wa kazi kutoka Myanmar kwenye nyumba moja ya mtaa ule. Anauawa, na mwili wake unakutwa umeshindiliwa ndani ya friji.

Wathai wana jina la pekee kwa mzimu wa mtu aliyekufa kwa ukatili: phi tai hong. Anaogopwa kuliko mizimu mingine kwa sababu kifo kimemkuta bila maandalizi na bila haki, na hasira yake haijapata pa kwenda. Mbele ya nyumba nyingi Thailand utaona kibanda kidogo juu ya nguzo, na maua na kinywaji vimewekwa, makazi ya mwenye ardhi asiyeonekana. Msomaji wa pwani ataelewa mara moja. Sisi tunazindika nyumba kabla ya kulala ndani yake. Lakini zindiko linawakinga wenye nyumba na kilichokuwepo kabla yao. Makhin hakuwepo kabla yao. Aliuawa mtaa ukiwa mpya, na watu wanaishi humo, wanasalimiana asubuhi.

Siwezi kuipita sehemu hii haraka. Kwa miaka mingi wafanyakazi kutoka Myanmar wamekuwa wakifanya Thailand kazi za ndani, za ujenzi, za mashambani na za viwanda vya samaki, na wengi wao kwa karatasi pungufu zinazowafanya waogope kituo cha polisi kuliko mwajiri. Anayeandika kisa cha mtaa wa tabaka la kati mwaka 2011 asipomweka mtu huyu ameacha nusu ya mtaa nje. Na mwaka 2018, miaka saba baada ya filamu, huko Kuwait ulikutwa mwili wa mfanyakazi wa ndani kutoka Ufilipino ndani ya friza, kwenye nyumba ambayo waajiri walikuwa wameshaikimbia. Ulikuwa umekaa humo zaidi ya mwaka. Serikali ya Ufilipino ilisimamisha kupeleka wafanyakazi Kuwait kwa sababu yake. Niliposikia habari ile niliikumbuka friji ya Laddaland, na niliwakumbuka mabinti wa kwetu, wa Kenya, Uganda na Tanzania, wanaopanda ndege kwenda Ghuba na pasi za kusafiria wakifika wananyang'anywa. Kwa mama aliyempeleka binti uwanja wa ndege, sehemu hii ya filamu haina haja ya muziki wa kutisha.

Baada ya Makhin kupatikana, mtaa unaanza kumwagika. Familia moja inafunga vitu, nyingine inafuata. Wanaohama ni wenye uwezo wa kuhama. Wanaobaki ni wale ambao kila kitu chao kimezama humo, na kila anayeondoka anawaongezea waliobaki mzigo, kwa sababu nyumba tupu ya jirani inaishusha yao. Sophon anaionyesha hali hii kwa picha tupu tu: barabara ileile, nyasi zilezile, ila sasa zimerefuka, na jioni madirisha yenye taa yanapungua. Hakuna mzimu anayejitokeza kwenye picha hizo, nami naziona ndizo za kutisha kuliko zote.

Kazi inapokatika

Halafu kampuni ya virutubisho inaporomoka. Bosi hayupo, fedha haipo, na ahadi iliyomtoa Thee Bangkok imeyeyuka. Anaishia kuajiriwa kwenye duka la rejareja linalofunguliwa usiku na mchana, anapanga bidhaa, anasimama kaunta amevaa sare iliyoshonewa vijana wa miaka ishirini.

Hapo ndipo shangazi aliponyamaza. Alikuwa ameshasema "wahame" mara tatu au nne. Thee alipoonekana na ile sare, akaweka kikombe chini. Sura ya ujana ya Saharat, ile iliyompa nyota, sasa inafanya aonekane kama baba aliyevaa nguo za mwanawe. Mikono inapapasa vitu. Mwongozaji anaweza kukutisha kwa uso uliooza akitokeza ghafla kwenye kioo, na Sophon anafanya hivyo pia, tena mara nyingi kupita kiasi kwa maoni yangu. Ila uso wa Thee pale kaunta umenikaa zaidi.

Mtu angeuliza, kwa nini asiseme? Kwa nini asimwambie Parn mapema, wakae chini, wapige hesabu, warudi Bangkok kwa mama mkwe hata kwa miezi sita? Hiki ndicho kituo muhimu cha kisa, penye njia mbili. Parn (Piyathida Woramusik anamwigiza kwa utulivu wa mtu aliyezoea kuwa daraja) angeweza kuvumilia umaskini. Tunamwona hivyo tangu mwanzo. Asichoweza ni kuishi na mume anayepambana na vita ambavyo yeye haruhusiwi kuvijua. Lakini kwa Thee kusema ni sawa na kumpigia simu mama mkwe na kumwambia, ulikuwa sahihi. Kila siku anayokaa kimya riba ya kimya inapanda. Anakuwa mkali kwa Nan, anamshuku mkewe, hasinzii. Mizimu inaongezeka usiku kadiri siri inavyoongezeka mchana, na filamu inavipeleka vyote viwili kwa mwendo mmoja bila kulitamka hilo mahali popote.

Jirani yao Somkiat ni kioo chake. Ana mke, mtoto wa kiume na mama mzee wa kwenye kiti cha magurudumu. Anawapiga. Naye yuko kwenye matatizo ya fedha. Mwanzoni Thee anamtazama kwa dharau ya mtu mwema, na sisi tunamtazama pamoja naye. Kisha siku moja Somkiat anaiangamiza familia yake yote na kujiua. Baada ya hapo Thee anaingiwa na hofu ya mizimu ya nyumba ya pili. Nadhani angepaswa kuiogopa zaidi njia ambayo Somkiat aliipita, maana yeye alikuwa tayari amekanyaga hatua zake za kwanza.

Usiku wa kabati

Thee anakuwa na bastola ndani ya nyumba. Kaichukua ili kuilinda familia. Usiku wa mwisho anaamini kuna kitu ndani ya kabati la nguo, kitu kilichokuja kuwamaliza. Anafyatua. Ndani ya kabati alikuwemo Nat, mwanawe mdogo, amejificha.

Anamwona mtoto katapakaa damu. Hangoji kuhakikisha. Anajiua palepale, na Nat alikuwa hajafa. Mtoto anapona.

Nimelirudia tukio hili mara kadhaa, na kila mara najiuliza swali la mchambuzi: nani kaua? Ukivihesabu vifo vinavyobeba kisa hiki, Makhin aliuawa na mtu. Familia ya Somkiat iliuawa na mtu. Thee alijiua kwa mkono wake. Mizimu imetisha, imekimbiza, imesukuma, imewaondoa watu usingizini, lakini risasi zote zimetoka kwenye vidole vya wanaume waliokuwa hai. Na usidhani mizimu ni ndoto ya Thee peke yake. Nan naye anaikuta, na aliikuta kabla baba yake hajaanza kuyumba. Ndani ya filamu mizimu ipo. Ndiyo maana naiita hofu ya kisaikolojia kwa maana nzito zaidi: mwongozaji hakukimbilia ule ujanja wa kusema mwishoni kwamba yote yalikuwa kichwani mwake. Anatuachia mizimu ya kweli, kisha anatuonyesha kwamba hata ikiwepo, kilichomfikisha mtu kwenye kabati ni miezi ya kutolala, kutosema, na kuamini kwamba mume ni yule anayesimama mlangoni peke yake.

Laiti angengoja dakika moja. Angeweka sikio kifuani mwa mtoto. Nimetazama filamu nyingi za kutisha, na sijui nyingine ambayo nilitamani niingie ndani ya skrini nimshike mtu mkono.

Lawama yangu moja

Naipenda filamu hii, kwa hiyo nitasema inaponiuma. Sophon amempa Thee historia, mama mkwe, sare, na kila sababu ya kumwonea huruma. Makhin yeye kapewa friji tu. Tunajua jina lake na nchi yake, tunajua alivyokufa, basi. Akirudi anarudi akiwa wa kutisha: ngozi, nywele, sauti. Hatukuambiwa alikuwa anatuma fedha kwa nani, wala ni nani huko kwao anayengoja simu. Hata mauaji yake yanaingia kwenye hadithi kama tatizo la wenye nyumba: yameshusha mtaa, yamewatia watoto hofu.

Kuna wanaosema mtazamo huo ni wa wahusika, kwamba mwongozaji anatuonyesha jinsi watu wa mtaa ule wanavyowaona wafanyakazi wao. Ningependa kuamini hivyo, na kuna kipande kimoja kinachonisukuma upande huo: vijana wa mtaa wanaigeuza nyumba aliyouawa kuwa mahali pa kupimana ujasiri usiku, na Nan anaingizwa humo ili akubalike kwa marafiki wapya. Kifo cha msichana wa kazi kimekuwa mchezo wa watoto wa matajiri. Hapo filamu inaelekea kusema kitu kizito. Halafu inatushtua kwa kelele, na neno linamezwa.

Shutter ilikuwa na haki zaidi kwa mzimu wake. Yule msichana alidhulumiwa, tulijua nani alimdhulumu na nani alisimama akatazama, na uzito aliouweka shingoni mwa mtu ulikuwa wake kwa haki. Makhin anadai nini kwa Thee? Hamdai chochote. Anamtesa mtu ambaye hakumgusa, wakati aliyemuua yuko kwingine. Labda ndivyo ulimwengu ulivyo. Lakini nilitaka filamu ilione hilo, isiliache lipite.

Mahali deni lilipotoka

Laddaland ilivuka baht milioni 100 kwenye majumba ya sinema ya Thailand na ikapata tuzo ya filamu bora ya mwaka kwenye tuzo za chama cha kitaifa cha filamu, heshima ambayo filamu za kutisha hupewa kwa nadra popote duniani. Watu hawakujaa kumbini kwa ajili ya friji tu. Kumbukumbu ilikuwepo. Tarehe 2 Julai 1997 serikali ya Thailand iliiachia baht ielee baada ya kushindwa kuilinda. Dola moja ilikuwa karibu baht 25. Januari 1998 ilishapita baht 50. Kampuni zilizokopa kwa dola ziliamka deni limekuwa mara mbili bila kuongeza hata senti. Kampuni 56 za fedha zilifungwa moja kwa moja. Bangkok ikabaki na maghorofa yaliyosimama bila madirisha.

Deni la 1997 lilikuwa hasa la makampuni. Baadaye mabenki yakageukia wananchi wa kawaida: nyumba, magari, kadi. Miezi michache baada ya Laddaland kutoka, serikali ilianzisha mpango wa kumrudishia kodi hadi baht 100,000 mtu anayenunua gari lake la kwanza, na watu wakakopa kwa wingi. Kufikia 2021 madeni ya kaya Thailand yalikuwa yamevuka asilimia 90 ya pato la taifa. Thee alikuwa ametangulia tu.

Mwaka 2017, miaka 20 kamili tangu baht ianguke, Sophon aliutoa mzigo hadharani. The Promise inahusu mabinti wawili marafiki, Ib na Boum, ambao baba zao walikuwa wanajenga jumba refu pamoja na wakafilisika mwaka ule. Mabinti wanaahidiana kufa pamoja ndani ya jengo lile. Ib anatimiza, Boum anashindwa na kukimbia. Miaka 20 baadaye Boum ni mama, binti yake anafikisha miaka 15, na ahadi inarudi kudai. Sophon aliipiga picha ndani ya Sathorn Unique yenyewe, jengo la zaidi ya ghorofa 40 lililosimama mwaka 1997 likiwa limekaribia kukamilika, na ambalo lilibaki hivyo kwa miaka mingi karibu na mto Chao Phraya, miti ikiota kwenye roshani. Ni filamu nzuri, ina fedha nyingi zaidi na picha kubwa zaidi. Mimi bado naichagua nyumba ndogo ya Chiang Mai. Katika The Promise deni limegeuka kuwa jengo la kutazamwa kwa mbali. Katika Laddaland liko jikoni, watu wanalizunguka wakienda kuchota maji.

Na ndiyo maana nikitaka kumwonyesha mtu Sophon ni nani, naanza na hii. Nilivyoanza na shangazi jioni ile.

Filamu ilipoisha, Parn na watoto wakiwa wameondoka Laddaland bila baba yao, majina ya waigizaji yakaanza kupanda. Nilidhani shangazi atasema kuhusu Nat, au kuhusu ile friji, maana kwenye friji alikuwa amefunika uso kwa kanga. Akakaa kimya muda mrefu. Kisha akachukua kikombe, chai imeshapoa, akaniuliza:

"Na ile nyumba sasa, rejesho analipa nani?"